Barua ya wazi kwa wenye mamlaka: Waruhusuni waandishi wa habari wafike ukingo wa mto Ruvuma

Kwa Waziri mwenye dhamana ya habari,
Kwa Waziri wa Mambo ya Ndani ya Nchi,
Kwa Wakuu wa Mikoa ya Mtwara na Lindi.

Waheshimiwa,

Salaam kutoka Mtwara. Mimi ni mwandishi wa habari wa kujitegemea, nalipwa kwa kila habari inayotoka, na nusu ya ukoo wangu iko ng'ambo ya mto Ruvuma. Nawaandikia juu ya jambo moja. Vijiji vya ukingo wa mto vimekuwa jirani wa vita tangu Oktoba 2017, na hadi leo mwandishi wa nchi hii hana njia ya uhakika ya kufika huko, kuuliza maswali na kuandika alichokiona bila hofu ya kukamatwa au kuitwa mchochezi. Naomba njia hiyo ifunguliwe, tena kwa maandishi, ili kila mtendaji wa kijiji na kila askari wa kizuizi cha barabarani aijue.

Wapo wanaosoma barua hii wakiwa Dodoma, kwa hiyo nieleze hali ya huku. Tarehe 5 Oktoba 2017 watu wenye silaha walivamia Mocímboa da Praia, jimboni Cabo Delgado, kaskazini mwa Msumbiji. Kwa mtu wa Mtwara, Mocímboa si nchi ya mbali. Wavuvi wa Msimbati wanaijua bandari yake, wafanyabiashara wetu wamelala kwenye nyumba zake za wageni, na mabinti zetu wameolewa huko. Oktoba 14, 2020 vita vikavuka mto vikafika Kitaya, kijiji chetu, ndani ya mkoa wetu. Watu waliuawa na nyumba zikachomwa. Tarehe 24 Machi 2021 ikawa zamu ya Palma, mji unaoufikia ukishavuka pale Kilambo na kushika barabara ya Namoto.

Sasa niwaambieni habari ya Kitaya ilivyotufikia sisi wa Mtwara mjini, ndani ya mkoa uleule. Ilikuja kwa ujumbe wa sauti kwenye simu. Mmoja anasema wameingia mia tatu, mwingine anasema wamefika Nanyamba, wa tatu anadai wameshaonekana Mikindani. Kuna familia zilizofunga virago usiku ule kwa ajili ya jambo ambalo halikuwapo, na kuna waliolala palepale mtoni kwa kutojua jambo lililokuwapo. Siku kadhaa zilipita kabla viongozi hawajazungumza hadharani. Hao waliotaka kujua zaidi walifungulia redio za nje. Ukitembea jioni Mahurunga au Michenjele utawakuta wazee walioanika betri juani mchana kutwa ili zipate nguvu ya kumaliza taarifa moja ya habari ya Kiswahili kutoka Bonn au London. Yaani mtu amekaa kibarazani kwake, moshi anauona kwa macho upande wa pili wa mto, na anangoja Ulaya imweleze moshi huo ni wa nini.

Na redio hizo nazo zinapungua. Machi 2025 matangazo ya Kiswahili ya Sauti ya Amerika yalinyamaza kwa uamuzi uliofanywa Washington, wala hakuna aliyewauliza wasikilizaji wa Tandahimba. Hatuwezi kuendelea kuweka masikio yetu rehani kwa wenye nchi zao. Waandishi tunao. Wako hapa Mtwara, wako Lindi, wako kwenye redio ndogo za wilaya, wanajua Kimakonde, Kimakua na Kiyao, wanajua njia za mguu. Kinachokosekana ni ruhusa.

Niseme habari ya kijana mmoja, kwa sababu jambo hili likibaki kwenye karatasi za sheria peke yake halieleweki. Nilimkuta kwenye baraza la ofisi ya kijiji, katika moja ya vijiji vya ukanda wa Kilambo. Alikuwa amekaa chini, mgongo ukutani, miguu imevimba hadi kandambili hazimwingii. Ndani ya shati alikuwa na mfuko wa nailoni umekunjwa mara nyingi, na ndani ya mfuko kulikuwa na cheti chake cha shule cha Kireno. Hakuwa na kitu kingine. Alinieleza kwa Kimakonde cha ng'ambo, taratibu, akingoja niandike. Watu wa porini, wale wenye silaha wanaopigana na serikali ya Msumbiji, walikuja kijijini kwao wakachukua vijana wa rika lake. Aliyegoma alichinjwa mbele ya mama yake. Yeye alikuwa ziwani siku hiyo, akiangalia mitego. Alipokimbilia upande wa serikali yake akaambiwa kijana mzima mwenye nguvu kama yeye ama ni adui ama anatakiwa jeshini. Sheria ya kwao inalazimisha utumishi wa jeshi, na muda wake umeongezwa kutoka miaka miwili hadi mitano. Akaona pande zote mbili zinamkabidhi bunduki. Akavuka mto.

Aliniomba nisitaje jina lake, na sikuliandika hata kwenye daftari. Niliomba kibali cha kuitoa habari yake. Mtendaji aliniambia kibali kinatoka wilayani. Wilayani wakasema ni suala la mkoa. Ofisi moja ikanijibu, kwa mdomo, kwamba masuala ya wakimbizi wa ukanda ule hayaandikwi. Niliporudi kijijini, baraza lilikuwa tupu. Wenyeji walisema lori lilikuja alfajiri, likawachukua yeye na kina mama kadhaa na watoto, likaelekea magharibi. Mhariri hakuitoa habari ile kwa kuwa haikuwa na kauli ya serikali, na serikali haikutoa kauli kwa kuwa haikutaka habari itoke.

Waheshimiwa, mnajua magharibi kuna nini. Kuna Mtambaswala, kuna Daraja la Umoja lililofunguliwa mwaka 2010 kwa shangwe za nchi mbili, na upande wa pili wa daraja kuna Negomano. Mwaka 2021 shirika la Umoja wa Mataifa la kuhudumia wakimbizi, UNHCR, lilisema hadharani kwamba maelfu ya watu waliokimbia mapigano Cabo Delgado walirudishwa kwa nguvu kutoka Tanzania kupitia Negomano, na likaomba jambo hilo likome. Tanzania ni mwanachama wa Mkataba wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika wa mwaka 1969 kuhusu wakimbizi. Mkataba huo unasema mtu asikataliwe mpakani wala asirudishwe mahali ambapo maisha yake au uhuru wake uko hatarini. Tuliusaini tukiwa maskini kuliko leo, huku tumepokea watu wa Msumbiji kwa makumi ya maelfu.

Sisemi kwamba kila aliyevuka ni mkweli. Yawezekana miongoni mwao wamo waliotumwa, na polisi wana kazi ya kuwachuja. Ninachosema ni kwamba kazi hiyo ifanyike mahali panapoonekana. Mtu akihojiwa, iandikwe kwamba amehojiwa. Akikutwa hana kosa, apelekwe kambini, siyo darajani. Anayekimbia ili asiue hana hatia, na kama kuna mahali duniani ambapo neno hilo halihitaji kufundishwa ni huku kwetu.

Turudi nyuma kidogo, maana historia ya ukanda huu ndiyo inayonipa ujasiri wa kuandika. Tarehe 16 Juni 1960 Wamakonde walikusanyika Mueda kusikiliza majibu ya madai yao kwa serikali ya Wareno, na madai hayo yalipelekwa na watu waliokuwa wamekaa Tanganyika na kuona siasa za TANU. Walijibiwa kwa risasi. Hadi leo idadi ya waliokufa inabishaniwa: FRELIMO, chama kilichopigania uhuru wa Msumbiji, kilitaja mamia, nyaraka za Wareno zinataja wachache mno. Unajua kwa nini ubishi huo hauishi? Hapakuwa na mwandishi hata mmoja asiyekuwa mtu wa upande wowote. Waliokufa Mueda wamekosa hata hesabu, na watoto wao wako Newala na Masasi wanazeeka na ubishi huo.

Baada ya Mueda watu walivuka mto kwa maelfu. Hakuna aliyewarudisha. Walipewa mashamba, wakalima mihogo na korosho, na leo huwezi kumtenga mjukuu wa aliyevuka na mjukuu wa aliyempokea. Na hatukupokea walioonewa peke yao. Tulipokea pia waliokataa kuonea. Mwaka 1963 rubani wa jeshi la anga la Ureno, Jacinto Veloso, alitoroka na ndege ya jeshi akaja nayo Tanganyika kwa sababu hakutaka kuitumikia vita ya kikoloni. Baadaye akawa waziri katika Msumbiji huru. Vijana wengi wa Ureno waliikataa vita hiyo kwa kutoroka nchi yao, wengi wakaingia Ufaransa, na mwishowe ni askari wa Ureno wenyewe walioiangusha serikali yao tarehe 25 Aprili 1974. Zile bunduki walizozikataa ni bunduki ambazo zisingekosa shabaha upande huu wa mto. Yule kijana wa barazani, kwa mizani yoyote ya haki, ni ndugu yao.

Nachingwea inanilazimu nikae zaidi. Huko Lindi, kwenye ardhi iliyoachwa na ule mradi wa karanga wa Waingereza, ndiko FRELIMO ilikokuwa na kambi yake kubwa ya mafunzo. Samora Machel aliishi hapo. Wazee wa Nachingwea bado wanasimulia magari, nyimbo za alfajiri na shule ya watoto, na wana haki ya kujivunia. Redio Tanzania ilizipa harakati za ukombozi muda wa kutangaza, na sauti zile zilivuka mto kabla ya wapiganaji. Nchi hii iliwahi kujua kwamba anayeishi uhamishoni asiyekuwa na njia ya kusema ni mfungwa wa aina nyingine.

Lakini Nachingwea ina upande mwingine, nao hausimuliwi kwenye sherehe. Mwaka 1975, miezi michache kabla ya uhuru wa Msumbiji, viongozi waliotofautiana na FRELIMO waliletwa mbele ya mkusanyiko kwenye kambi ile. Uria Simango, aliyekuwa Makamu wa Rais wa FRELIMO wakati rais wake, Eduardo Mondlane, anauawa Dar es Salaam mwaka 1969, alisomeshwa ungamo refu la makosa yake. Walikuwapo wengine pia, akiwamo Lázaro Nkavandame na Joana Simeão. Baadaye wakapelekwa kaskazini mwa Msumbiji na kuuawa bila kufikishwa mahakamani. Ardhi ile ni yetu. Watu wale walipita mikononi mwa nchi yetu. Nani aliuliza siku ile kama ungamo lilikuwa la hiari? Nani alifuatilia walikopelekwa? Waliokuwa na kalamu pale walikuwa wageni waalikwa wa harakati, wakaandika walichoonyeshwa.

Nalitaja hili kwa uchungu, maana nimelelewa kuiheshimu FRELIMO na bado naiheshimu kwa kumtoa Mreno. Harakati ya haki inaweza kutenda dhuluma, na jeshi linalopigana na wauaji wanaochinja watoto linaweza kumchukua mtu asiye na kosa. Ndiyo maana habari huru haiwezi kusubiri hadi vita viishe. Simango hakuhitaji sifa mwaka 2000. Alihitaji mtu wa kuuliza swali mwaka 1975.

Leo wanaouliza wanatoweka. Ng'ambo, Ibraimo Mbaruco wa redio ya jamii ya Palma alimtumia mwenzake ujumbe tarehe 7 Aprili 2020 kwamba amezungukwa na askari. Hajaonekana tena. Kabla yake Amade Abubacar, wa redio ya jamii huko Macomia, alikamatwa Januari 2019 akiwahoji watu waliokimbia makazi yao, akakaa ndani zaidi ya miezi mitatu. Na sisi tusinyooshee wenzetu kidole. Kila anayepanda basi la Mtwara kwenda Dar es Salaam hupita Kibiti. Hapo ndipo Azory Gwanda wa gazeti la Mwananchi alipokuwa akiandika juu ya mauaji ya viongozi wa vijiji na askari. Alichukuliwa tarehe 21 Novemba 2017. Julai 2019 waziri mmoja aliiambia BBC kwamba Azory alitoweka na kufa, kisha kauli ile ikafafanuliwa upya, na familia haikupata mwili wala maelezo. Mauaji ya Kibiti yalikuwa yakitokea barabara moja na sisi, mwaka uleule ambao moto uliwaka Mocímboa. Alichokuwa akikitafuta Azory sisi wa kusini tulikuwa tunakihitaji zaidi ya mtu yeyote.

Najua mmefanya mambo mema na ni haki kuyasema. Februari 2022 magazeti manne yaliyofungiwa yalirudishiwa leseni. Mwaka 2023 Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 ilirekebishwa, baada ya Mahakama ya Afrika Mashariki kuamua mwaka 2019 kwamba vifungu vyake kadhaa vinakwenda kinyume na mkataba wa jumuiya. Tulishukuru. Kisha Oktoba 29, 2025, siku ya uchaguzi, intaneti ikazimwa nchi nzima kwa siku kadhaa. Huku Mtwara wenye watoto vyuoni Dar es Salaam walishinda wakipiga simu zisizopokelewa, na ule ujumbe wa sauti wa wakati wa Kitaya ukarudi kwa sura nyingine: huyu kasikia hivi, yule kaambiwa vile. Mkizima habari uvumi hauzimiki. Unabaki peke yake barabarani.

Hili mkoa wetu ulishalilipia. Mei 2013, ghasia za gesi zilipolipuka baada ya bajeti ya Nishati kusomwa bungeni, nyumba ya mwandishi wa habari ilikuwa miongoni mwa zilizochomwa moto. Nilichukia kitendo kile na nakichukia hadi leo. Lakini tujiulize kilitoka wapi. Wananchi walikuwa na maswali ya kweli juu ya bomba la kupeleka gesi ya Mnazi Bay Dar es Salaam, na walichokisikia redioni na kwenye televisheni kilikuwa ni majibu ya upande mmoja tu. Wakaanza kumwona aliyeshika kipaza sauti kama sehemu ya serikali. Kisha wanajeshi wakaingia mitaani, watu wakapigwa, na simulizi za vipigo zile nyingi hazikuandikwa kwa sababu mwandishi hakuaminiwa na raia wala hakuruhusiwa na askari.

Juu ya Watanzania walioko au waliokuwa uhamishoni nitasema machache. Tundu Lissu, baada ya risasi za Septemba 2017, aliishi Ubelgiji; Godbless Lema alikimbilia Kenya kisha Canada; mwandishi Ansbert Ngurumo akaenda Finland. Wanasiasa hao wawili walirejea mwaka 2023, na Aprili 2025 Lissu akakamatwa Mbinga, katika mkoa jirani wa Ruvuma, akafunguliwa kesi ya uhaini. Mtu aweza kuwapenda au kuwachukia. Nchi iliyohifadhi wakimbizi wa kisiasa wa nusu ya Afrika ilianza kuzalisha wa kwake, na miaka yote waliyokuwa nje tuliwasikia zaidi kwenye redio za kigeni kuliko za nyumbani. Mhariri wa hapa alikuwa anaogopa kumpigia simu Mtanzania mwenzake.

Naijua hoja mtakayonijibu, kwa kuwa nimejibiwa mara nyingi: usalama. Nina ndugu waliovaa sare, na najua maana ya makaburi ya mashujaa pale Naliendele, walikolazwa wanajeshi wetu waliokufa kwa ajili ya Msumbiji. Siombi kuandika kikosi kimelala wapi, doria inapita saa ngapi, wala silaha gani imeletwa. Mwandishi mwenye akili timamu hafanyi hivyo, na akifanya ashitakiwe. Siombi kupiga picha nyuso za wakimbizi. Picha moja inaweza kumfikisha mtu kwa wale aliowakimbia. Ninaomba kuandika kwamba watu wamevuka, ni wangapi, wana hali gani, wamepelekwa wapi na kwa uamuzi wa nani. Wakulima wa Kitaya wakizuiwa kwenda kwenye mashamba ya bondeni msimu wa mpunga, niandike wamezuiwa na watalipwa nini. Kijana wa Tandahimba akikamatwa usiku kwa kushukiwa, niweze kumwandikia mama yake jina la kituo alichopo. Hakuna adui anayefaidika kwa kujua hayo. Anafaidika pale mama yule anapokosa jibu kwa miezi, na mtu wa porini anakuja kumwambia mdogo wake kwamba serikali hii haina haki.

Basi nayataja ninayoyaomba.

Toeni mwongozo wa maandishi unaomruhusu mwandishi mwenye kitambulisho kufika vijiji vya mpakani, kutoka Msimbati hadi Mtambaswala, kwa kutoa taarifa wilayani tu. Kukitokea operesheni, pafungwe kwa muda unaotajwa, na sababu itolewe kwa maandishi. Mtangazaji wa redio ya wilaya asiye na stashahada asizuiwe kwa kigezo cha ithibati wakati ndiye peke yake anayeelewana na bibi wa kijiji. Mpeni muda asome akiwa kazini.

Waheshimiwa Wakuu wa Mikoa, kila tukio la mpakani lisemwe na msemaji anayejulikana, siku hiyohiyo, hata kama la kusema ni kwamba uchunguzi unaendelea. Watu wetu hawana tatizo na habari mbaya. Wamekulia kwenye vita vya watu wengine.

Mheshimiwa Waziri wa Mambo ya Ndani, waruhusu UNHCR na waandishi wafike wanapohojiwa waliovuka. Asirudishwe mtu Negomano bila jina lake na sababu yake kuandikwa. Na anayesema amekimbia kulazimishwa kupigana, na upande wowote ule, dai lake lisikilizwe kama dai la hifadhi.

Tena, faili la Azory Gwanda lifunguliwe na matokeo yake yatangazwe. Msiwaombe waandishi wa kusini wawaamini kabla ya hapo. Wataitikia kwa adabu na hawatawaamini.

Katiba yetu, Ibara ya 18, inampa kila mtu haki ya kutafuta, kupokea na kutoa habari bila kujali mipaka ya nchi, na inampa haki ya kupewa taarifa wakati wote juu ya matukio muhimu kwa maisha ya wananchi. Sijui tukio lililo muhimu kwa maisha ya mtu wa Mahurunga kuliko vita anavyovisikia kitandani mwake.

Pamoja na barua hii nimewasilisha masjala maombi matatu chini ya Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016. La kwanza nauliza idadi ya watu waliovuka kutoka Cabo Delgado kuingia Mtwara tangu Oktoba 2017 na walikopelekwa. La pili nauliza walikofikia watu waliokamatwa baada ya tukio la Kitaya, pamoja na waliokabidhiwa Msumbiji kufuatia makubaliano ambayo wakuu wa polisi wa nchi mbili walitia saini hapahapa Mtwara Novemba 2020. La tatu naomba nakala ya waraka wowote unaokataza kuandika habari za wakimbizi wa ukanda wa Ruvuma. Kama waraka huo haupo, naomba barua inayosema haupo, nitembee nayo vizuizini. Nakala zangu zimegongwa muhuri wa kupokelewa. Sheria inawapa siku 30, na nitakuja mwenyewe kuchukua majibu.

Wenu katika ujenzi wa taifa,
Mwandishi wa habari wa kujitegemea,
Mtwara